Anapanda Mbio, Anashuka Kitako

Saa moja asubuhi, ukungu haujaachia mabega ya mlima, na mwanamume wa miaka arobaini na sita anashuka akiwa amekaa kitako. Ananyosha mguu, anapapasa jiwe kwa kisigino, analisukuma kuona kama limeshika, kisha anajiburuta. Suruali yake imeshonewa kiraka cha turubai nyuma.

Wanawake wawili wenye mizigo ya kuni wanampita.

"Habari ya kushuka, fundi?"

"Nzuri, dada zangu. Piteni tu, mimi nimepanda gari la mwisho."

Wanacheka. Wakishapotea kwenye kona, tabasamu linamtoka usoni.

Muda mfupi uliopita alipanda njia hii hii mbio, bila kusimama, hadi kilele cha kwanza. Mtaani kwake bado wanamwita Paa. Alishiriki mbio za milimani kwa miaka kumi na minne, na mara tatu alimaliza wa kwanza.

"Kupanda kunataka mapafu," anasema, akipangusa changarawe viganjani. "Kushuka ndiko kunataka macho. Na macho yangu yamestaafu kabla ya miguu."

Yalianza kumtoroka polepole. Alikuwa akijigonga kwenye kona za meza na kuangusha vikombe, akidhani ni uchovu. Siku alipompiga kikumbo mteja kazini na kumwagia gundi, ndipo alipokwenda kwa daktari wa macho. Akaambiwa kwamba sehemu ya nyuma ya jicho inakufa, kuanzia pembeni kuelekea katikati, na kwamba hakuna dawa. Leo anaona kama mtu anayechungulia ndani ya bomba, na bomba lenyewe linazidi kuwa jembamba.

Katika karakana ya samani anakofanya kazi tangu ujana, aliondolewa kwenye msumeno wa umeme. Sasa anapiga msasa tu, kwa nusu ya mshahara wa zamani. Ninapomtembelea, anapitisha kidole gumba kwenye ubao wa mlango, taratibu, kama anayempapasa mtoto mwenye homa.

"Sikumfukuza," anasema mwenye karakana, bila kuulizwa. "Ila vidole vyake nilivihitaji vyote kumi. Na yeye pia."

Mkewe, mpishi wa shule, hakuwa mtu wa milima. "Mlima nilikuwa nauona kama ukuta wa jirani," anasema. "Upo, basi." Lakini mumewe aliporudi kutoka mlimani mara ya tatu uso umechubuka, hakubishana naye. Alikwenda kununua viatu.

Akawa anakimbia mbele ya mumewe huku akipaza sauti: jiwe kulia, mzizi, inama, ruka. Majirani wakawabandika jina la Redio, maana walisikika kabla ya kuonekana. Na hapo katikati, pasipo yeye kutarajia, mlima ukamwingia mwanamke yule damuni.

"Unapanda mpaka unajitukana mwenyewe," anasimulia, na kwa mara ya kwanza uso wake unachangamka. "Kifua kinawaka, miguu inakuwa kama ya kuazima. Halafu unatokea juu, upepo unakupiga usoni, na hakuna hata mtu mmoja anayekuuliza kama chakula kimeiva. Nilianza kwenda kwa ajili yake. Baadaye nilikuwa nakwenda kwa ajili yangu."

Mwaka jana walijiandikisha pamoja kwa mbio kubwa. Kwenye mteremko wa mwisho ukungu ulishuka ghafla. Mkimbiaji aliyekuwa mbele yao aliteleza na kulala njiani. Mke alisimama na kupiga kelele, "Simama!"

Paa alikuwa kwenye kasi. Alimvaa mkewe mgongoni kwa uzito wake wote, na goti la mke likapiga mwamba.

"Nilisikia mlio," anasema. "Mimi nimeishi na mbao. Mlio wa kitu kinachovunjika naujua."

Waokoaji walimteremsha mkewe kwa machela. Yeye alishika mpini wa nyuma, na waliowaona walidhani anasaidia kubeba.

"Sikuwa nabeba chochote. Nilishika ili nisipotee njia."

Goti liliungwa kwa vyuma, lakini halikunjiki tena sawasawa. Mke anatembea kwa gongo, na jikoni shuleni wamempa stuli, anamenya viazi tangu asubuhi. Daktari amemwambia asahau milima.

"Hajawahi kunilaumu," anasema Paa. "Angenitukana, ningepumua."

Mkewe anasikiliza akiwa ameketi mlangoni mwa sebule yao, mguu ukiwa umenyooshwa juu ya kigoda. "Nikutukane kwa lipi, baba watoto? Hukuniona." Kisha ananigeukia mimi. "Lakini sitamdanganya mgeni. Kila akienda kule, namchukia. Si kwa sababu ya goti. Namchukia kwa sababu anakwenda, mimi nabaki hapa nahesabu viazi."

Paa anaelekeza uso kwenye sauti ya mkewe, anamtafuta kwa ule upenyo mdogo aliobakiwa nao, anampata.

Namuuliza kwa nini basi haachi.

"Huku chini kila mtu ananishika mkono. Ninavushwa barabara, ninamiminiwa chai. Kule juu njia haina habari kwamba naumwa. Inanitesa kama inavyomtesa kila mtu. Nikifika nahema kama mbwa, kwa dakika chache nakuwa yule wa zamani." Anashusha sauti. "Halafu nakaa chini, naanza kujiburuta."

Wamekubaliana jambo moja. Mvua zikianza, mawe yatalegea na njia itakuwa utelezi, na tangu siku hiyo hatapanda tena. Amemwapia mkewe. Msimu mwingine wa kiangazi ukifika, daktari anasema, huenda atakuwa anatofautisha mwanga na giza tu.

Baada ya hapo ana mpango gani?

"Nitakaa," anasema.

Nje, mawingu yamekuwa yakijikusanya na kutawanyika wiki nzima. Visima vimekauka, mahindi mashambani yamejikunja, na watu wanakusanyika kuomba mvua.

"Na mimi nakwenda kuomba nao," anasema, akifunga upya kamba za viatu vyake. "Nasimama palepale, nimeinamisha kichwa kama wao. Mungu anisamehe, naomba ichelewe."