Mawe Yaliyoletwa na Barafu

Nilikuwa bado mtoto, tukiishi Anderlecht, habari ilipotufikia kwamba mto umeteremsha mawe kijijini kwetu, chini ya Ruwenzori, na Papa, baba yangu, haonekani. Mimi, Maman na Koko, mama yake Papa, tulikuwa tumetangulia Ubelgiji. Yeye alibaki kule akingoja viza.

Bonde letu limejaa mawe makubwa kama nyumba. Koko alikuwa akituambia kwamba ni ya Mwenye mlima, aishiye kwenye theluji, na kwamba mtu akipotea kati yake haitwi kwa jina. Ukimwita, mlima unalisikia jina lake na haumrudishi tena.

Basi hatukumwita. Maman alipiga simu ya Papa kutwa nzima; haikuita hata mara moja. Kanisani alimwombea "yule aliye njiani." Chakula kilikuwa kinapoa mezani, hakuna anayekigusa.

Shuleni nilimuuliza mwalimu mawe yale yalitoka wapi. Akanichorea mlima. Hapo kale, alisema, barafu nene ilishuka polepole kutoka kileleni, ikachonga mabonde, ikachimba mashimo ambayo leo ni maziwa, ikabeba na mawe. Ilipoyeyuka iliyaacha pale yalipofika. Mvua kubwa ikinyesha, yanaweza kusafiri tena.

Nilikimbia hadi nyumbani.

"Koko, ni barafu tu! Mlima hauna mwenyewe. Tumwite Papa!"

Aliniketisha kando yake. "Bon. Na hiyo barafu ya mwalimu, inarudishaka watu?"



Kesho yake mdogo wake Papa alipiga simu kutoka kule. Wameacha kuchimba kumtafuta, alisema. Mawe ni makubwa mno. Maman aliteleza ukutani mpaka akakaa sakafuni. Ndipo Koko, yeye aliyetukataza, akafungua dirisha la jikoni na kupaza sauti:

"Kambale! Kambale, mutoto wangu, rudia!"

Watu waliokuwa wakingoja tramu chini waliinua macho. Maman akaanza kuita, na mimi nikaita, mpaka sauti zikatukauka.

Papa hajapatikana hadi leo. Koko tulimzika hapa Brussels. Kwa miaka mingi nilidhani mwiko ule ulikuwa wa kumlinda Papa. Siku hizi naona ulitulinda sisi: maadamu hatujaita, hatukuwa tumeusikia ukimya unaokuja baada ya kuita.