Mpanga Rafu wa Kwa Kamrudin

Watu wa Muyinga wakisimulia habari za marehemu Kamrudin huanza kwa kicheko, kwa hiyo msiwaulize wao. Niulizeni mimi Simoni, fundi cherehani. Cherehani yangu ilikaa barazani kwake tangu nikiwa na nywele nyeusi, na kila aliyeingia dukani alinikanyagia vipande vya kitambaa. Lakini ninayetaka kumsimulia hasa si Kamrudin, ingawa jina lililokuwa juu ya mlango lilikuwa lake. Ni Josefina, aliyekuwa akimpangia rafu.

Josefina alizaliwa Gasorwe, akavushwa mpaka akiwa mgongoni mwa mama yake, akakulia katika kambi ya wakimbizi Tanzania. Huko mama yake aliuza nyanya kwa mafungu. Walikuwepo wauzaji waliofukia kopo chini ya fungu ili lionekane nene, na mama yake alikuwa akigombana nao waziwazi. Alimwambia bintiye kwamba fungu lenye tumbo tupu huuzwa mara moja tu. Josefina alikua na neno hilo.

Waliporudishwa Burundi, mama alikwisha kufa kambini. Josefina alifika Gasorwe na binti yake mdogo, Upendo, akakuta shamba la baba yake lina mihogo ya watu wengine. Kaka yake Kastori, aliyetangulia kurudi, alikuwa amepata kipembe tu cha shamba hilo, naye akamwambia bila kupepesa macho kwamba hakimtoshi hata yeye. Huyo ndiye ndugu wa damu! Basi Josefina akashuka Muyinga mjini kwa miguu, mtoto mgongoni, kutafuta kazi.

Wakati huo Kwa Kamrudin palikuwa duka kwelikweli. Baba yake alianza na chumvi na vitenge katika chumba kimoja. Kamrudin akaongeza vyombo, magodoro, redio, viatu vya shule, maziwa ya unga, kisha akafungua tawi katika mji wa Ngozi, kisha Ruyigi. Hakuna harusi ya maana ambayo sufuria zake hazikutoka kwake. Hata bibi harusi aliyenunua kwingine alisema amenunua kwa Kamrudin.

Josefina aliingia kuomba kazi, akaona mabuli yamepangwa ovyo ukingoni mwa rafu. Akayapanga upya huku akingoja kujibiwa.

“We, nani amekutuma kugusa?” Kamrudin akauliza.

“Hakuna, Mzee. Yangeanguka.”

Mzee akayatazama mabuli, akamtazama na yeye. “Bon. Gusa na zile zingine.”

Ndivyo alivyoajiriwa. Kamrudin alimfundisha kazi yenyewe: kitu kikibaki kidogo, kivute mbele kabisa, ukingoni, mteja asione nyuma pako wazi. “Vuta mbele, vuta mbele,” alikuwa akisema kutwa nzima, hata tukamtania kwamba akifa atamwambia anayemzika avute udongo mbele. Josefina hakuona ubaya. Kuvuta mbele si uongo, kitu chenyewe si kipo?

Mzee akampa chumba nyuma ya duka, ubavuni mwa depo, ghala lake la mali. Upendo alikulia humo, akasoma humo, na siku ya kuolewa alitokea humo, na sufuria zake Kamrudin alimpa kwa mikono yake mwenyewe. Nilimshona gauni mimi. Siku hiyo Josefina alilia akaniambia, “Simoni, wengine wana mashamba. Shamba langu mimi ni rafu hizi.” Na kweli hakuwa na lingine.

Kisha Gitega ikafanywa mji mkuu, na Taki akapata wazo. Taki ni mtoto pekee wa Kamrudin, amesomea biashara Kampala, anavaa viatu visivyojua tope. Alitaka duka kubwa Gitega, la ghorofa mbili, lenye vioo na sanamu za kuvalishwa nguo. Wake za wakubwa watahamia, alisema, na wakihamia watanunua wapi? Mzee alisita, lakini mtoto akililia wembe mpe. Akampa.

Wakubwa walihamia ofisi tu. Wake zao waliendelea kununua Bujumbura. Taki, ili vioo vyake visionekane vitupu, akawa anachukua mali ya Muyinga, ya Ngozi, ya Ruyigi, anaipeleka Gitega. Dola zikaadimika nchi nzima, petroli nayo ikaadimika, malori kutoka Dar yakawa hayaji. Ngozi ikafungwa. Ruyigi ikafungwa. Mwishowe Gitega yenyewe ikafungwa, na walioshuhudia wanasema zile sanamu zilitolewa uchi, zikapakiwa migongo chini kwenye lori la mkaa. Ikabaki Muyinga, lile duka la chumvi na vitenge.

Sasa jueni jambo moja. Watu wa vilimani hawabebi maboksi. Mtu akinunua sufuria au birika, huitoa kwenye boksi, akaifunga kwa kitenge, akajitwika kichwani. Maziwa ya unga, mafuta na sabuni huuzwa kimoja kimoja. Kwa hiyo depo ya Kamrudin ilikuwa imejaa maboksi matupu ya miaka, safi, yenye picha zake.

“Mama Upendo,” akasema Mzee asubuhi moja, “leta zile karto za depo.”

“Ni tupu, Mzee.”

“Mi najua iko tupu. Weka kwa rafu.”

“Na mteja akiomba?”

“Utasema zimeshanunuliwa, zinangoja wenyewe. Sikia, rafu ikibaki uchi, watu ya Dar watasikia Kamrudin amekwisha, na camion ya mali hairudi hapa tena. Donc tunangoja kidogo tu.”

“Mzee, mama yangu alinikataza fungu la namna hii.”

“Mama yako alikuwa na nyanya,” Kamrudin akajibu. “Mi niko na jina tu.”

Josefina akapanga. Angekwenda wapi? Na kwa kuwa mikono yake haikujua kufanya kazi vibaya, alipanga vizuri mno. Maboksi ya maziwa juu, ya mafuta katikati, ya sabuni chini, picha zote zikitazama barabarani. Mji mzima ulikuwa umekauka, maduka yote rafu tupu, ila moja tu ndilo limejaa hadi darini. Nilimwambia Josefina, jamani, hili duka linawaka kama harusi katikati ya matanga. Hakucheka.

Siku ikafika akaja Happy, mwanamke wa mtaa wa juu aliyejifungua akakosa maziwa kifuani. Alikuwa amezunguka mji mzima. Alisimama mbele ya rafu ile akatabasamu, maskini, akaonyesha kwa kidole.

“Zimeshanunuliwa, mdogo wangu,” Josefina akasema. “Zinangoja wenyewe.”

“Zote?”

“Zote.”

Happy alitoka, akakaa barazani karibu na cherehani yangu, akalia na mtoto wake. Josefina naye alilia huko ndani, nilimsikia. Kisha Happy akaenda sokoni, akasema alichokiona.

Hata adhana ya adhuhuri ilikuwa bado, barabara ikajaa watu. Kamrudin anaficha maziwa! Anauza magendo usiku, watoto wanakufa! Wakaja na polisi, na mkubwa wao alikuwa mtu wa adabu, alisalimia kwanza.

“Mzee, fungua hizo karto, tuone iko nini ndani.”

“Haifunguliwe. Zimeshanunuliwa.”

“Na nani?”

Kamrudin akaliweka sawa boksi moja rafuni. Wakamuuliza tena, akaliweka sawa la pili. Wakamshika mkono, wakampandisha nyuma ya pikapu, mzee mgonjwa wa sukari ambaye hata ngazi za msikiti alizipanda kwa kushikiliwa. Umati ukapiga makofi. Yeye akakaa wima, akamkazia Josefina macho.

Josefina aliyaelewa macho yale kuliko sisi sote. Mzee alikuwa radhi akalale jela kama tajiri mlanguzi, kuliko kulala kwake kama mtu asiye na kitu. Josefina akifungua maboksi, jina limekwisha, duka limekwisha, na chumba chake kimekwisha nalo. Asipofungua, yule mzee hatatoka jela akiwa hai.

“Mzee, nisamehe,” akasema. Akavuta boksi la kwanza, akalipasua, akalitupa barabarani. Likaruka na upepo. Akapasua la pili, akaangusha rafu nzima ya mafuta, kisha ya sabuni, analia huku anapasua, na maboksi yakawa yanadunda miguuni mwa watu.

Kisha mtu mmoja akacheka, ikawa basi. Muyinga nzima ilicheka. Waliofunga ndoa zao kwa sufuria za mtu yule walishikana mbavu. Nawachukia kwa kicheko kile mpaka leo. Happy peke yake hakucheka. Aliokota boksi moja la maziwa, akalitikisa sikioni, akaliweka chini taratibu.

“Shuka, Mzee,” mkubwa wa polisi akasema, naye hakumtazama usoni.

Kamrudin akaingia dukani, akasimama katikati ya yale makaratasi. “Ungeniacha niende, Mama Upendo.”

“Ungekufa huko, Mzee.”

“Prizo ya polisi, mtu anatoka,” akasema. “Mu hii aibu, mtu hatoke.”

Hawakuongea tena humo dukani. Jengo likachukuliwa na mtu wa vinywaji, mimi nikafukuzwa barazani, Josefina akarudi Gasorwe, akalala jikoni kwa Kastori, sakafuni, juu ya maboksi yaliyokunjuliwa. Upendo yuko mbali kwa mumewe na ana shida zake. Siku za soko Josefina hushuka mjini na nyanya.

Siku Taki alipokuja kumchukua baba yake kumhamishia Gitega, gari lilisimama pale sokoni. Mzee akashuka akiwa na fimbo, amekonda, kanzu inamvuka. Akaja moja kwa moja hadi kwa Josefina. Mbele yake palikuwa na gunia pana, na katikati nyanya chache zilizotawanyika, hakuuficha uchache wake.

“Rafu uchi, Mama Upendo,” akasema.

“Ndiyo, Mzee. Lakini ni nyanya.”

Nilidhani atageuka. Akainama kwa shida, akaanza kuzivuta moja moja hadi ukingoni mwa gunia, akazipanga mstari, zikitazama njia. Akajifuta vidole kwenye kanzu, akarudi garini. Hakununua, na hatukumwona tena.

Punde akaja mwanamke mmoja na kikapu, akauliza bei, akanyoosha mkono kuchukua ile ya mwisho katika mstari alioupanga Mzee.

Josefina akauzuia ule mkono. “Samahani, dada,” akasema. “Zimeshanunuliwa.”