Bega la Cosimo

Cosimo Lattarulo alikuwa mpasua mawe, na katika mji wetu wote hapakuwa na aliyemfikia kwa hilo. Lakini muulize yeyote hapa Cosimo ni nani, atakujibu, "Yule wa filamu." Inaniudhi mpaka leo. Mtu amekula vumbi la machimbo miaka arobaini, nao wanakumbuka dakika tisa.

Kiangazi cha 1971 alikuja mwongozaji filamu kutoka Roma, akamkuta Cosimo anajimwagia maji pale machimboni, akasema huo ndio uso anaoutafuta. Akampeleka ghalani, akamwambia avue nguo, acheze peke yake na acheke anavyoweza. Cosimo alikuwa na miaka ishirini na mitatu na kichwa chepesi, akacheza. Filamu ilipotoka, kumbe wameunga vipande: Cosimo anacheka, kisha altare ya kanisa, Cosimo anacheka, kisha masista wamepiga magoti. Mahakama ikaipiga marufuku, paroko akailaani kanisani. Eti mcheza kwao hutunzwa. Wa kwetu alitunzwa mate.

"Altare mimi sikuiona," alituapia. "Mle ndani kulikuwa na magunia ya ngano tu."

"Na suruali yako nayo hukuiona?" mtu akamtania, tukacheka sote.

Sasa, kwetu Ijumaa Kuu alasiri, watu wanane wa chama cha ndugu wa kanisa hubeba mabegani, kwa miti miwili mirefu, sanamu ya Kristo Mfu, kila mmoja mahali alipoachiwa na baba yake. Tunavaa kanzu nyeupe na kofia inayofunika uso wote, yamebaki matundu ya macho. Hata mke hatakiwi kumtambua mumewe. Bega la mbele kushoto lilikuwa la akina Lattarulo tangu enzi za mababu. Baada ya filamu ile tulimpigia Cosimo kura kwa maharage, kama ilivyo desturi: jeupe abaki, jeusi atoke. Yalitoka meupe mawili tu. Langu lilikuwa jeusi. Mimi niliyekua naye, niliyebeba nyuma yake kwenye mti uleule, nilimtosa kwa kumwogopa mama mkwe wangu. Na nilikuwa mtu mzima.

Kila Jumatano ya Majivu alikuja kuomba arudishwe. Hakutaka kuombwa radhi wala kupewa cheo, alitaka bega lake tu. Kila mwaka maharage yalikuwa meusi. Mchumba wake Addolorata alichoka kuchekwa sokoni, akaenda kuolewa mjini Bari. Baba yake alikufa hajamwona mwanawe tena chini ya ule mti.

Halafu mwaka 2004 wasomi wa Roma wakaifufua ile filamu, wakasema ni kazi kubwa ya sanaa. Magazeti yakaandika. Hapo ndipo kila mtu mjini akawa binamu wa Cosimo. Tukapiga kura, hakuna hata moja jeusi. Nilimpelekea kanzu mwenyewe nyumbani, akaipokea kwa mikono miwili akalia, na mimi, mnafiki mkubwa, nikampigapiga mgongoni.

Ijumaa ikafika. Tulikuwa tunavaa katika chumba cha nyuma ya kanisa, Oronzo, mkuu wa chama, akamshika Cosimo mkono.

"Kaka, wewe utatembea bila kofia."

"Kofia ni kanuni, Oronzo."

"Kanuni naijua. Ni leo tu. Watu wa televisheni wametoka mbali, wanataka wakuone."

"Na hawa saba?"

"Hawa nani anawataka?" Oronzo akacheka. "Nyota ni wewe, bwana."

Cosimo aliiweka kofia mezani, akailaza vizuri.

"Uso wangu mmeutazama miaka thelathini na tatu," akasema. "Nimewaomba siku moja tu msiuone."

Oronzo akatazama saa. Nilikuwa na ulimi kinywani mwangu. Ningeweza kusema basi, avae, au sote tuvue. Nilijifanya nafunga kamba ya kiatu. Cosimo akavua kanzu, akaikunja, na kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa karibu, akanipa.

"Shika, Donato. Mtafuteni mwingine."

Akatoka kwa mlango wa pembeni na shati lake la kazi. Mwingine hatukumpata kwa saa ile, tukabeba saba. Sanamu ililalia mbele kushoto njia nzima, na uzito wake wote ulishuka juu yangu. Watu wa televisheni walikuwa wameshaondoka.