Bingwa Aliyesimama Kubeba Abiria

Nilibeba abiria kwa bodaboda Majengo miaka sita kabla sijawa bingwa wa mbio za pikipiki za kuruka matuta, na mazoea hayo yaliniumbua juzi kwenye fainali hapa Dodoma. Nilikuwa naongoza mzunguko wa mwisho, mama mmoja pembeni akainua mkono kushangilia. Nikafunga breki.

"Twende wapi, mama?"

Akashusha mkono. Wapinzani wawili wakanipita. Nikachomoka kama mshale, nikawaruka wote kwenye tuta la mwisho, nikashinda kwa urefu wa tairi.

Kombe mkononi, nikamwambia mtangazaji kwamba nilisimama kwa sababu pikipiki ilizimika. Mama yule akapanda jukwaani kunipongeza.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," akasema, maikrofoni mdomoni. "Swali lako sijalijibu. Nipeleke Majengo, sokoni."