Kucha Nyeupe za Dada

Mama mkwe ameshika vidole vya mwanangu, anacheka. "Mkamwana, ona madoa meupe haya. Huyu atapata nguo mpya." Mezani ipo marekani, kitambaa cheupe nilichonunua asubuhi, bado kinanuka wanga.

Dada yangu naye, tulipokuwa wadogo, aliambiwa hivyo hivyo. Doa dogo hutokea kucha ikigongwa, na kucha ikikua linaondoka. Za dada zilikuwa nyeupe zote, na miguu yake ilivimba. Ukiibonyeza, shimo linabaki. Wakubwa hawakuitazama miguu. Walitazama kucha, wakamtania, "Wewe, nguo zote hizo utazivalia wapi?" Naye akaamini. Alikaa mlangoni akimsubiri baba arudi kutoka mnadani, akiniuliza, "Unadhani itakuwa nyekundu?"

Gari la pamba lilipita mbele yetu kila siku kwenda Shinyanga, kuliko na hospitali, na hakuna aliyempakia.

Baba alileta marekani, mpya, inanuka wanga. Walimfunga nayo mwili mzima mpaka usoni.

"Mbona umenuna?" anauliza mama mkwe. Namvuta mwanangu, nambonyeza mguu kwa kidole gumba, nasubiri kuona kama shimo litabaki.