Nilivyomfundisha Jambazi Kufa

Miaka ya tisini ikielekea ukingoni nilikuwa nanunua nguo soko la Shisanhang, kwa Wachina, nalala gesti ya mtaa wa Sanyuanli. Chumba cha mbele yangu alikaa mzee wa Kijapani aliyekuja kutafuta mashati ya duka la mkewe. Zamani aliigiza sinema za majambazi huko kwao. Si yule bosi. Alikuwa mmoja wa wale wanaosimama nyuma ya bosi wamenuna, halafu wanapigwa risasi. Kazi yake ilikuwa kufa, tena hata kufa hakuwahi kufa peke yake. Watano, sita kwa mpigo.

Siku moja akanigongea. Mwongozaji wa filamu alimtaka atume mkanda wa majaribio: jambazi mzee anakufa kitandani, kamera usoni mwake tu. Ukipendeza, nafasi ni yake. Miaka yote ile kamera haikuwahi kumtazama yeye peke yake. Akaniomba nimshikie kamera yake ndogo. Nikakubali, ila mlango ukae wazi.

Akalala. Akashika kifua, akatoa macho, akarukaruka kama kuku aliyechinjwa. Nikacheka mpaka kamera ikatikisika.

"Mzee, nani anakufa hivyo?"

"Mimi. Miaka ishirini," akajibu kwa Kichina chetu cha sokoni.

"Basi miaka ishirini umekosea."

Mimi nimeosha maiti tangu sijawa na wajukuu, na mume wangu alikata roho kichwa chake kikiwa mkononi mwangu. Hili sifundishwi na mtu. Nikamwambia aache kifua. Taya lilegee. Pumzi ije, ikawie, ije tena ndogo, isije. Macho yasitazame kitu.

"Hapo hakuna kinachoonekana, dada mkubwa."

"Lala."

Mara ya nne akapatia. Mhudumu wa gesti akaingia na chupa ya maji ya moto, akamwona, akaiangusha, akatoka mbio akipiga yowe. Mzee hakutikisa hata kope. Nikazima kamera, nikamwambia aamke. Kumgusa, kwa kweli, nilisita.

Akautuma mkanda hivyo hivyo, na yowe ndani yake. Wiki mbili baadaye alitoka kupiga simu kwao, akaja akakaa juu ya furushi la mashati yake.

"Wamenichukua. Ila mwongozaji anataka nianze kwa kukohoa."

"Kohoa mara moja," nikamwambia. "Usizidishe."