Mwalimu Radi na Neno la Hasira

Wanafunzi ndio waliomwita Mwalimu Radi, na jina likamganda. Akianza kufundisha hesabu darasa la mwisho, hata wale wa madarasa ya mwanzo, upande wa pili wa uwanja, walikaa vizuri. Hasira zake zilikuwa karibu, ila zilikuwa hazikai. Anakufokea sasa hivi, na sasa hivi hiyo hiyo anakuazima kalamu.

Siku hasira hizo zilipomponza, walimu walikuwa kwenye kikao cha saa ya chai. Mkuu wa shule alitoa wazo lake: wanafunzi dhaifu wasifanye mtihani wa mwisho mwaka ule, warudie darasa, ili wastani wa shule upande. Walimu wakainamia vikombe vyao. Aliyeinuka alikuwa mmoja tu.

"Mkuu, hawa watoto nimewafundisha mimi. Huwezi kuwang'oa kama magugu."

"Kaa chini, mwalimu. Hilo limeshapita."

"Kama limeshapita, tafuta mwalimu mwingine. Mimi naacha kazi!"

Akatoka, mlango ukalia nyuma yake. Kengele ya kipindi nayo ikagongwa. Akaingia darasani, akafundisha hesabu za sehemu mpaka kipindi kikaisha, akaunganisha na kinachofuata. Alasiri akasahihisha madaftari, akaenda zake nyumbani.

Asubuhi yake, mlinzi wa getini, mtani wake wa siku nyingi, hakumtazama usoni.

"Nisamehe, mwalimu wangu. Nimeambiwa nisikufungulie. Eti umeacha kazi."

"Nani? Mimi?"

"Ndiyo hivyo, mama."

Mkuu alikataa kumwona. Haukupita muda, nafasi yake ikapewa kijana aliyetoka chuoni.

Mumewe, fundi cherehani, alimsikiliza mpaka mwisho, mguu umetulia juu ya pedeli. "Mke wangu," akasema, "kwa mdomo huo huo mimi umeshaniacha mara ngapi? Na mbona bado tupo?" Mwalimu Radi akacheka, na kicheko kikageuka kilio.

Akafungua shauri kwenye baraza la migogoro ya kazi. Shauri likaburuta miguu. Walimu wenzake wakimwona mtaani walivuka barabara, kila mtu akiogopea riziki yake. Waliokuja kwake ni wale wanafunzi waliokatwa kwenye mtihani. Walikaa sebuleni katikati ya vipande vya vitambaa, naye akawafundisha bure, kwa sauti iliyofika kwa majirani. Wazazi walipoona hivyo wakapata nguvu, wakaenda kwa ofisa wa elimu wakang'ang'ania, hadi watoto wakafanya mtihani kama wenzao.

Kabla ya kusikilizwa, wakili wa chama cha walimu alimshauri. "Hakuna aliyekurekodi. Sema hukutamka neno hilo, watakosa pa kushika."

"Nilitamka."

"Najua, lakini..."

"Mwanafunzi wangu nikimkamata anaibia majibu, nitamwambia nini? Tafuta njia nyingine, wakili."

Wakili akakuna kichwa.

Barazani, mwanasheria wa shule alimkabili moja kwa moja. "Ulisema unaacha kazi? Ndiyo au hapana?"

"Ndiyo. Tena kwa sauti."

Mkuu akatabasamu. Wakili wa Mwalimu Radi akafumba macho. Mwenyekiti wa baraza, mama mmoja mpole wa maneno machache, akamgeukia mkuu.

"Alipokwisha kusema, alikwenda wapi?"

"Darasani."

"Kuchukua vitu vyake?"

"Hapana. Ku... kufundisha."

Kwenye viti vya nyuma mtu akacheka.

"Na kesho yake asubuhi, getini alifuata nini?"

Mkuu akamgeukia mwanasheria wake.

Baraza likaamua kwamba neno lililotoka kwa hasira, ambalo aliyelisema hakulifuata hata kidogo, si kujiuzulu. Mwalimu arudishwe kazini, kwenye nafasi yake ile ile.

Siku ya kurudi, mlinzi alifungua geti lote, kulia na kushoto, kana kwamba mwalimu anapita na lori, na mwenyewe alikuwa kwa miguu. Kwenye chumba cha walimu alimkuta yule kijana anakusanya vitu vyake mezani.

"Unakwenda wapi?"

"Kiti ni chako, mwalimu. Mkuu amesema leo ndiyo mwisho wangu."

Mwalimu Radi akageuza, akaenda kugonga ofisini kwa mkuu.

"Juzi tu tumetoka barazani," mkuu akasema, "leo umeshakuja kugomba?"

"Sigombi. Naomba. Madarasa ya chini hayana mwalimu wa hesabu, na yule kijana kazi anaiweza. Hakumkosea mtu."

Tangu wafahamiane, mkuu hakuwahi kumsikia akiomba kitu. Alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Haya. Abaki."

Mwalimu alipomweleza, kijana alibaki amesimama na vitabu vyake mikononi, hajui avishushe wapi. Mwalimu Radi akavuta kiti cha pili mpaka kwenye meza ile, akasogeza vitu vyake pembeni, akamwambia akae.